Vyuo Vilivyopanda Ngazi na Soko Lililobaki Likifundisha

Kenyatta Market ya Nairobi imezungukwa na majengo ambayo Kenya iliyajenga kwa ajili ya wataalamu wake. Mwendo mfupi kwa miguu kuna Hospitali ya Taifa ya Kenyatta, iliyoanza mwaka 1901 kama hospitali ya wenyeji yenye vitanda 40. Jirani yake ni Chuo cha Mafunzo ya Tiba, KMTC, ambacho kimekuwa kikitoa matabibu na wauguzi tangu 1927. Kwenye Barabara ya Mbagathi kuna KEMRI, taasisi ya utafiti wa tiba iliyoundwa 1979. Daktari au muuguzi wa huko ana cheti, nambari ya usajili na bodi inayomtambua. Ndani ya soko wapo wasusi, mafundi cherehani, vinyozi na wachoma nyama. Mteja anayetaka rasta huzungukwa na wasusi watatu au wanne ili aondoke mapema, na mara nyingi mmoja wao bado anajifunza: anashika nywele na kuangalia vidole vya mwenzake.

Nani alimfundisha huyo, na kwa nini halikuwa taifa? Jibu linaanzia mbali.

Reli ya Uganda ilijengwa kati ya 1896 na 1901 na vibarua wapatao 32,000 kutoka India. Baada ya kazi walibaki kama 6,700, na kwa miaka mingi waashi, maseremala na wahunzi wa Nairobi walikuwa wao na watoto wao. Mwafrika aliingia kwenye karakana kama msaidizi, akabeba vyombo na kuiba ujuzi kwa macho. Serikali ya kikoloni ilitaka fundi wa bei nafuu zaidi, na mwaka 1924 ikaanzisha bohari ya mafunzo ya ufundi huko Kabete, ambako vijana wa Kiafrika walitia saini mikataba ya uanagenzi. Mwaka huohuo tume ya elimu ya Phelps-Stokes ilipita Afrika Mashariki ikisisitiza elimu ya mikono. Wazazi wengi wa Kiafrika waliushuku ushauri huo, na walikuwa na haki. Waliona mtoto wa mzungu hapewi patasi bali kitabu. Shaka hiyo haikuondoka na bendera ya Uingereza, na kwa maoni yangu ndiyo iliyoathiri mipango yetu kuliko takwimu zozote.

Angalia kilichotokea kwa Chuo cha Kifalme cha Ufundi cha Afrika Mashariki. Kilipata hati ya kifalme mwaka 1951, kikaunganishwa na chuo ambacho jamii ya Wahindi ilitaka kukijenga kwa kumbukumbu ya Gandhi, na kupokea wanafunzi wa kwanza 1956. Kilikusudiwa kutoa wahandisi na mafundi sanifu kwa nchi zote za eneo hili. Kufikia 1961 kilikuwa kimegeuzwa Chuo cha Kifalme, Nairobi, kikifundisha shahada za London, na mwaka 1970 kikawa Chuo Kikuu cha Nairobi. Nafasi ya fundi sanifu iliyoachwa na chuo hicho ilichukuliwa na Kenya Polytechnic, iliyoanzishwa mwaka huohuo wa 1961. Safari hiyo ya chuo cha ufundi hadi chuo kikuu ndiyo mpando wa kwanza.

Uhuru ulipokuja, haraka ilikuwa ya kweli. Mwanasiasa Tom Mboya alikuwa ameshaanza safari za ndege zilizowapeleka vijana Marekani. Kundi la kwanza la 1959 lilikuwa na wanafunzi 81, na mwaka uliofuata akaenda Wangari Maathai, aliyesomea biolojia Kansas. Mwaka 1965 wizara ya mipango, chini ya Mboya, ilitoa Waraka wa Bunge Na. 10, uliotaja uhaba wa watu wenye ujuzi kuwa miongoni mwa vizuizi vikuu vya maendeleo, pamoja na uhaba wa mtaji na fedha za kigeni. Mwaka huo pia ilitolewa ripoti ya mahitaji ya wataalamu wa ngazi ya juu kwa kipindi cha 1964 hadi 1970. Tanzania ilifanya uchunguzi kama huo, na Rais Nyerere akaweka lengo la nchi kujitosheleza kwa wataalamu ifikapo 1980.

Mbinu ilikuwa ya zama hizo. Unakadiria uchumi utakua kwa kiasi gani, unaandika kila aina ya kazi na idadi itakayotakiwa, kisha unatoa wale ambao shule zitawatoa. Kinachobaki ndicho pengo. Siwalaumu waliofanya hivyo. Nchi isiyo na wahandisi wake haiwezi kusubiri. Lakini hesabu ya aina hiyo humwona mtu mwenye mwajiri anayejaza fomu, na mshonaji wa sokoni hakujaziwa fomu na yeyote.

Ya kwanza kushtuka yalikuwa makanisa. Ripoti ya Baraza la Makanisa ya mwaka 1966 iliuliza vijana wanaomaliza shule ya msingi waende wapi, na vikazaliwa vyuo vya ufundi vya vijijini. Kisha mwaka 1972 ujumbe wa Shirika la Kazi Duniani, ukiongozwa na Hans Singer na Richard Jolly, uliandika jambo lililosomwa dunia nzima: wahunzi, washonaji na wachuuzi wa Kenya hawakuwa watu wasio na ajira. Walikuwa wakizalisha na kufundishana, huku serikali ikiwavunjia vibanda. Ilipita zaidi ya miaka kumi kabla ya Rais Moi, mwaka 1985, kuwatembelea mafundi wa Kamukunji, Nairobi, na kuagiza wajengewe mabanda. Mwaka huo ulianza pia mfumo wa elimu wa 8-4-4, uliorudisha useremala na ushonaji darasani. Wazazi walichangishwa kujenga karakana, na nyingi zilikosa vifaa.

Wakati wote huo vyuo viliendelea kupanda. Wananchi walichanga fedha miaka ya 1970 kwa ajili ya vyuo vya ufundi vya harambee. Kati ya hivyo, chuo cha WECO cha Kakamega leo ni Chuo Kikuu cha Masinde Muliro, na chuo cha Murang'a nacho ni chuo kikuu. Kenya Polytechnic na Mombasa Polytechnic zikafanywa vyuo vikuu vishiriki mwaka 2007 na vyuo vikuu kamili vya ufundi 2013. Kila mpando ulishangiliwa, na kila mpando ulimwacha fundi mchundo bila kiti alichokuwa nacho. Sheria ya TVET, yaani ya elimu na mafunzo ya ufundi, ya 2013 ilikuja kujenga upya ngazi za chini tulizokuwa tumezibomoa sisi wenyewe.

Aliyelijaza pengo hilo miaka yote ni soko. Msusi anayekwenda kufanya mtihani wa gredi wa NITA, Mamlaka ya Taifa ya Mafunzo ya Viwanda, anapimwa ujuzi ambao mamlaka hiyo haikumpa, na sera ya kutambua ujuzi uliopatikana kazini, iliyozinduliwa 2024, imefungua mlango huo zaidi. Ni hatua njema, ila inamtambua mwanafunzi peke yake, si aliyemfundisha. Waajiri hulipa tozo ya mafunzo ya Sh50 kwa kila mfanyakazi kwa mwezi, na kampuni iliyolipa huweza kurudishiwa gharama za kuwafunza watu wake. Fundi cherehani wa Kenyatta Market aliyefundisha wasichana kumi kwenye kibanda chake hayumo katika daftari la walipa tozo, hivyo hana anachoweza kudai. Mpango ujao wa wataalamu wa Kenya uanze kwa kumsajili yeye kama mwalimu, na kumlipa kwa kila mwanagenzi wake anayefaulu mtihani wa gredi.