Viboko vya utotoni na maradhi ya kinga

Viboko vya utotoni ni adhabu ya mwili anayopewa mtoto nyumbani, shuleni au chuoni, yaani madrasa. Vinatajwa hapa kwa uhusiano wake na maradhi ambayo kinga hushambulia mwili wenyewe, kama lupasi na baridi yabisi.

Bagamoyo, mji wa pwani ya Tanzania, inaijua fimbo tangu zamani. Mwalimu wa chuoni alikuwa na bakora yake. Kisha Wajerumani, waliokuwa na makao makuu mjini humo hadi 1891, wakaufanya mjeledi wa ngozi ya kiboko kuwa adhabu ya serikali kwa watu wazima. Mapigo yake 25 yaliitwa hamsa ishirini. Mjeledi ule umetoweka, jina lake, kiboko, limebaki shuleni.

Kanuni za 2002 zinaruhusu shule za Tanzania Bara viboko visivyozidi vinne kwa mara moja, kwa idhini ya mwalimu mkuu, navyo viandikwe kitabuni. Hakuna kitabu kinachojumlisha vya nyumbani, chuoni na shuleni kwa utoto mzima, ilhali mwili unaovipokea ni mmoja. Utafiti wa kitaifa wa 2009 ulikuta karibu robo tatu ya vijana walifanyiwa ukatili wa mwili kabla ya miaka 18.

Hofu hutangulia pigo. Mtoto akisikia hatua za mwenye fimbo, ubongo huamuru tezi zilizo juu ya figo zitoe adrenalini na kotisoli. Moyo hwenda mbio, sukari hupanda damuni. Kwa kawaida kotisoli hutuliza pia chembe za kinga. Lakini hofu ikiwa ya kila siku, chembe hizo huweza kuacha kuitii, na uvimbe wa ndani ukabaki ukifuka kama moto wa makumbi.

Mwaka 2009 mtafiti Shanta Dube na wenzake walichunguza watu wazima 15,357 nchini Marekani. Waliopata aina mbili au zaidi za madhila utotoni, na kipigo kilikuwa moja ya aina zilizohesabiwa, walikabiliwa na uwezekano maradufu wa kulazwa kwa maradhi ya baridi yabisi na jamii yake. Huo ni uhusiano tu: nasaba, jinsia na maambukizi huchangia pia, na wengi waliochapwa hawaugui.

Viungo vinavyovimba na kukakamaa asubuhi kwa wiki sita au zaidi vinahitaji kipimo cha damu, si kuchuliwa mafuta pekee. Mgonjwa akiulizwa habari za utoto wake, aulizwe kwa upole.