Von Lettow, fagio la Mwanza na waliobeba mizigo

Nimepotea wiki mbili kwa sababu ya test, na desa lenyewe lilikuwa refu kama reli ya kati. Leo nimepata upenyo, naomba tuongee historia. Bwenini kwetu kuna ubishi haujapoa: eti Paul von Lettow-Vorbeck ni jenerali ambaye hakushindwa, na eti askari wetu wa Kiafrika walimpenda kama baba yao. Kuna wanaoapa kabisa. Mimi natokea Mwakitolyo, Shinyanga, na vita hiyo ilipita mitaa ya kwetu, kwa hiyo siwezi kunyamaza.

Tuanze na mtu mwenyewe. Alizaliwa Saarlouis, Ujerumani, tarehe 20 Machi 1870, katika familia ya wanajeshi. Kabla hajakanyaga Dar es Salaam Januari 1914 alikuwa ameshakwenda China mwaka 1900 kuzima uasi wa Boxer, kisha Namibia kuanzia 1904, chini ya Lothar von Trotha, yule aliyetoa amri ya kuwamaliza Waherero. Huko ndiko alikozoea vita vya porini. Ukisikia mtu anamwita rafiki wa Mwafrika, mwulize kwanza habari za Namibia.

Vita ilipoanza Agosti 1914, gavana Heinrich Schnee alitaka koloni likae pembeni. Lettow hakutaka kusikia. Hesabu yake ilikuwa hivi: kila mwanajeshi wa Mwingereza atakayekimbizana naye Afrika ni mwanajeshi aliyepungua Ulaya. Yaani nchi yetu kwake haikuwa kitu cha kulindwa, ilikuwa chambo. Hili naomba mlishike, maana mengine yote yanatoka hapo.

Novemba 1914 akawapiga Waingereza Tanga. Wao walishusha watu kama 8,000 kutoka India, yeye alikuwa na kama 1,000 tu, na bado wakarudi melini wakiacha bunduki na risasi nyingi ambazo jamaa alizitumia baadaye. Nyuki nao waliingia vitani, wakauma pande zote mbili, na kuna Waingereza walioamini kwamba Wajerumani waliwatega makusudi. (Mkishindwa, hata nyuki wanakuwa na mkuu wa majeshi.) Tusimnyime haki yake, Tanga alipigana vizuri.

Mwaka 1916 mambo yakageuka. Smuts akaingia kutoka upande wa Kilimanjaro, Wabelgiji wakaja kutoka Kongo. Waingereza wakaichukua Mwanza Julai, wakashuka kusini kupitia Shinyanga kuwahi Tabora, lakini Wabelgiji wakawatangulia na kuingia Tabora tarehe 19 Septemba.

Hapa niseme kitu ambacho watu wa dhahabu kitawagusa. Wajerumani walikuwa wamefungiwa bahari, hela hakuna, na askari wanataka mshahara. Wakageukia dhahabu ya mgodi wa Sekenke, kule Iramba, wakafyatua sarafu za rupia 15 kwenye karakana ya reli pale Tabora. Upande mmoja tembo na mlima, upande mwingine tai wao. Zilitoka zaidi ya 16,000, kila moja gramu 7 na kitu. Leo wakusanyaji wa Ulaya na Marekani wanazigombea mnadani kwa maelfu ya dola. Kwetu mtu anashinda ndani ya duara wiki nzima, anatoka na viroba vya mawe vya kupeleka karasha, na hajui kwamba dhahabu ya ukanda wa jirani iliwahi kulipia vita ya mtu mwingine.

Baada ya Tabora ni kukimbia tu. Kusini, Mahiwa, halafu Novemba 1917 anavuka Ruvuma kuingia Msumbiji. Maana yake ni kwamba tangu siku hiyo hakushika hata wilaya moja ya koloni alilotumwa kulilinda. Akazunguka Msumbiji karibu mwaka mzima akiishi kwa kuteka maghala ya Wareno na ya wanakijiji, akarudi, akaingia Zambia ya leo, na huko ndiko alikopata habari kwamba vita imekwisha Ulaya. Akakabidhi silaha Abercorn, ambayo sasa ni Mbala, tarehe 25 Novemba 1918. Alikuwa amebaki na Wajerumani kama 155 na askari zaidi ya 1,100. Wakati wa nguvu zake alikuwa na askari zaidi ya 11,000. Kwa hiyo neno "hakushindwa" lina ukweli wake, hakukamatwa. Kupoteza nchi nzima na jeshi karibu lote na bado usiitwe mshindwa, hiyo inahitaji watu wa kukutangazia.

Na watangazaji walikuwepo. Mapema 1919 alipita Berlin na maofisa wake kwenye gwaride, akashangiliwa kama mfalme, wakati majenerali wengine wanarudi vichwa chini. Mwaka 1920 aliunga mkono jaribio la Kapp la kuipindua serikali, likamtoa jeshini. Mwaka huohuo vitabu vyake vya vita vikatoka, kimoja kikiitwa Heia Safari, kwa ajili ya vijana. Mwaka 1928 akaingia Reichstag, bunge lao, kwa chama cha wazalendo wa mrengo wa kulia, akakaa hadi 1930.

Sasa sikilizeni kwa nini habari ya "askari mwaminifu" ilihitajika sana. Pale Versailles Ujerumani ilinyang'anywa makoloni, na sababu mojawapo iliyotolewa ni kwamba haikustahili kutawala watu. Wenye kutaka makoloni yarudi wakahitaji ushahidi, na ushahidi ukawa huo: tazameni, Waafrika walitufuata miaka minne bila kutuacha, je, tungekuwa wabaya wangetufuata? Askari wa Kinyamwezi, Kisukuma na Kimanyema akageuzwa shahidi kwenye kesi ambayo hakuitwa.

Ukweli wa askari wenyewe umechanganyika zaidi. Wapo waliokwenda naye hadi Abercorn, na hiyo si hadithi. Lakini maelfu walitoroka, hasa walipoona wanavuka Ruvuma na kuacha makwao. Wengine walitekwa, wakabadili sare wakapigania King's African Rifles. Kikosi cha 6 cha KAR kilianza kwa watu wa namna hiyo. Mwanahistoria Michelle Moyd, kwenye kitabu chake cha 2014, anawaonyesha kama watu waliotafuta ukubwa: mshahara, wake, mifugo, heshima ya kuitwa bwana kijijini. Walikaa na Lettow maadamu aliweza kuwapa hayo. Mimi naona hiyo inawapa utu kuliko ile picha ya mtoto anayemfuata baba.

Halafu kuna wale wasiotajwa kabisa. Jeshi lile halikuwa na magari ya maana, na wanyama walikufa kwa mbung'o. Kila risasi na kila gunia la unga lilikwenda kichwani mwa mtu. Waingereza peke yao walitumia wapagazi wanaokaribia milioni moja, na kwa hesabu zao wenyewe wasiopungua 95,000 walikufa, wengi kwa kuhara, malaria na njaa, si kwa risasi. Wapagazi wa Lettow hawakuwekewa hata daftari la namna hiyo. Wengine walifungwa kamba wasitoroke. Wasukuma na Wanyamwezi, ambao tangu zama za misafara walijulikana kwa kazi ya kubeba, walitafutwa na kila upande uliopita.

Na vijiji? Ludwig Deppe, daktari aliyekuwa ndani ya jeshi lilelile la Lettow, aliandika baadaye kwamba nyuma yao waliacha mashamba yaliyoharibiwa, maghala matupu na njaa iliyokuwa inakuja. Ilikuja kweli. Ugogo waliiita Mtunya, na inakadiriwa iliua watu 30,000 kati ya 1917 na 1920. Majeshi ya pande zote yalikuwa yamekula nafaka na ng'ombe, mvua ikagoma, kisha mafua ya 1918 yakamalizia.

Lettow aliishi hadi 9 Machi 1964. Mwaka 1953 alirudi Dar es Salaam kutembea, askari wake wazee wakampokea. Kuna kisa kwamba Hitler alimpa ubalozi wa London mwaka 1935 akamkatalia kwa tusi; kinapendwa sana, ila ni cha kusimuliwa, na serikali hiyohiyo ilimpandisha cheo cha jenerali mwishoni mwa miaka ya 1930 naye akakipokea. Siku hizi Ujerumani kambi na mitaa mingi iliyobeba jina lake imebadilishwa jina.

Kisa kinachonisumbua zaidi ni cha Mwanza. Mwaka aliokufa, bunge la Ujerumani Magharibi liliamua kuwalipa askari waliokuwa bado hai. Inasimuliwa kwamba mtu wa benki alifika Mwanza na kukuta wazee kama 350. Wachache walikuwa na cheti, wengine wamevaa mabaki ya sare, wengi hawana kitu. Basi akampa kila mmoja fagio, akamwamrisha kwa Kijerumani: bega silaha, toa heshima. Inasemekana hakuna hata mmoja aliyekosea.

Watu wakikisimulia hiki hucheka, au hutokwa machozi kwa ule uaminifu. Sijui kama ilitokea hivyo hasa, kimenyooka mno. Lakini hebu fikirieni mzee wa Kisukuma aliyebeba sanduku la risasi la kilo 25 kutoka Tabora hadi Mahiwa, hakushika bunduki hata siku moja. Angepewa fagio lile, angefanya nini nalo? Hakuna amri ya Kijerumani ambayo ingemtambulisha. Fedha ile ilikuwa ya askari. Wapagazi hawakuitwa.