Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui, mwalimu aliyeandika Kiswahili

Sisi wa Gazi na Msambweni, tukisikia Mazrui humkumbuka kwanza Mbaruk bin Rashid, aliyepigana na Waingereza mwaka 1895 na 1896. Sheikh Al-Amin, wa ukoo huohuo, alizaliwa Mombasa mwaka 1891, na silaha yake ilikuwa kalamu.

Babake, Sheikh Ali bin Abdalla, mwanachuoni, alifariki mtoto akiwa mdogo. Akasomeshwa na Sheikh Suleiman bin Ali Mazrui, kisha masheikh wa Unguja.

Zama hizo vitabu vya elimu vilikuwa vya Kiarabu, na wengi wetu tulikuwa twasoma herufi bila kujua maana. Mwaka 1930 akaanzisha gazeti la Sahifa, na mwaka 1932 Al-Islah, yaani Marekebisho. Humo aliwaambia Waislamu, kwa Kiswahili chao, mambo yaliyowachoma: wasomeshe watoto wa kike, watafute elimu ya kisasa pasi na kuacha dini, wapunguze gharama za matanga. Watoto pia aliwaandikia vitabu vya masomo ya dini. Wanachuoni wangapi wakubwa hujishusha hivyo?

Alitetea pia Kiswahili kiandikwe kwa herufi za Kiarabu. Hilo halikushika, na barua za wazee wetu leo wajukuu hawawezi kuzisoma.

Makala zake zilikusanywa katika kitabu Uwongozi, mwaka 1944. Alikuwa Kadhi Mkuu wa Kenya kuanzia 1937 hadi alipofariki mwaka 1947, akimwacha mwanawe Ali, baadaye Profesa Ali Mazrui, akiwa na miaka 14.