Baraza la Kaunti ya Narok, mdhamini wa Mara

Baraza la Kaunti ya Narok lilivunjwa baada ya uchaguzi wa Machi 2013, serikali za kaunti zilipoanza kazi. Wachache walilililia. Kwa miaka mingi madiwani wake walikuwa wakitajwa magazetini kwa sababu ya mivutano ya fedha za utalii. Hata hivyo, lipewe haki yake: ni baraza hili lililoiweka hifadhi ya wanyama ya Maasai Mara chini ya mamlaka ya wenyeji kwa zaidi ya nusu karne.

Wamaasai, wenyeji wa Narok, walikuwa wamekwisha kuipoteza Laikipia kwa mkataba wa 1911, wakasukumwa kusini. Sheria ya 1924 ikaleta mabaraza ya wenyeji, mkuu wa wilaya (DC) akiwa mwenyekiti, na mwaka 1950 yakafanywa mabaraza ya wilaya ya Waafrika. Mwaka 1961 baraza la Narok likakabidhiwa hifadhi ya Mara, iliyokuwa imepanuliwa kufikia kilomita za mraba 1,821. Baraza la Kajiado nalo lilipewa hifadhi ya Amboseli mwaka huohuo, ila 1974 serikali kuu iliitwaa ikaifanya mbuga ya taifa. Mara ilibaki Narok.

Uzito wa jambo hilo ulionekana Januari 1970. Serikali kuu iliyanyang'anya mabaraza ya kaunti shule za msingi, afya na barabara, pamoja na fedha za huduma hizo. Mengi yalibaki na ushuru wa soko na leseni za maduka. Narok ilikuwa na mageti: Sekenani, Talek, Oloolaimutia, Musiara. Kila gari la watalii lililosimama hapo liliacha ada, na ada hiyo ndiyo iliyolipa askari wa hifadhi, zahanati na karo za watoto wa wafugaji. Asilimia 19 ilitengewa ranchi za jamii zinazopakana na hifadhi. Manung'uniko kwamba fungu hilo liliishia kwa viongozi wachache hayakukoma, na yalikuwa na msingi.

Doa lake kubwa, kwa maoni yangu, ni kisa cha Loita. Chini ya sheria ya ardhi ya udhamini, baraza ndilo lililoshikilia msitu wa Naimina Enkiyio kwa niaba ya wananchi. Miaka ya 1990 likataka kuugeuza hifadhi ya utalii. Waloita, Wamaasai wa eneo hilo, wana humo mahali pao pa ibada, dawa zao, na malisho ya kukimbilia wakati wa kiangazi. Waliunda chombo chao cha kuutunza na kumshtaki mdhamini wao mahakamani. Mpango ukafa, msitu ukabaki kwa wenyewe.

Katikati ya miaka hiyohiyo eneo la magharibi mwa Mto Mara lilikatwa likawa chini ya Baraza la Trans Mara. Hilo nalo, mwaka 2001, liliikabidhi pembetatu ya Mara, yaani sehemu ya hifadhi iliyo magharibi mwa mto huo, kwa shirika la Mara Conservancy iisimamie na kukusanya ada kwa niaba yake.

Mwaka 2013 mabaraza yote mawili yaliunganishwa katika Serikali ya Kaunti ya Narok chini ya gavana wa kwanza, Samuel Tunai, nayo ikarithi mageti, wafanyakazi na madeni. Ardhi ya udhamini Katiba ya 2010 ilikuwa imekwisha kuiita ardhi ya jamii, na tangu Sheria ya Ardhi ya Jamii ya 2016 jamii yenyewe inaweza kuisajili kwa jina lake.