Kiti cha meya wa Rubavu na miaka mitano isiyotimia

Usiku wa kuamkia Jumatano, tarehe 3 Mei 2023, mvua ilinyesha bila kusita kwenye milima ya magharibi mwa Rwanda na mto Sebeya ukaacha njia yake. Ulishuka tarafa za Kanama na Nyundo ukizoa kuta za udongo, mifugo, magodoro na watu waliokuwa wamelala. Nchi nzima ilipoteza watu zaidi ya 130, na Rubavu ilikuwa miongoni mwa wilaya zilizoumia zaidi. Jumamosi ya wiki hiyo hiyo, watu wakiwa bado wanakomba tope majumbani, baraza la wilaya lilikutana likamwondoa meya, Kambogo Ildephonse, kwa maelezo kwamba hakutimiza majukumu yake ipasavyo. Alikuwa amekalia kiti hicho mwaka mmoja na nusu tu.

Mafuriko ya namna ile yaliushtua mji wa Gisenyi, makao ya wilaya. Kuondoka kwa meya, hapana. Bahame Hassan alichaguliwa mwaka 2011 akaondoka 2015, mwaka ambao sakata la soko kuu la Gisenyi lilifika kwenye vyombo vya sheria. Soko lenyewe lilibaki gofu la zege katikati ya mji kwa zaidi ya miaka kumi, na wachuuzi wakiendelea kuuza pembeni. Sinamenye Jérémie alishika nafasi yake, akachaguliwa tena 2016, akatoka 2018. Habyarimana Gilbert alimalizia kipindi hicho hadi 2021. Kisha akaja Kambogo, na baada yake Mulindwa Prosper. Tangu 2011, hakuna meya wa Rubavu aliyeanza muhula wa miaka mitano akaumaliza. Kwingineko kiti huwa wazi kwa sababu kalenda imefika. Hapa kalenda ndiyo huwa ya mwisho kujua.

Kuelewa ilikuwaje, turudi nyuma kidogo. Wajerumani waliweka kituo chao cha kijeshi Gisenyi mwaka 1907, ufukweni mwa Ziwa Kivu, na Wabelgiji wakakichukua wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia. Kwa zaidi ya nusu karne mtawala wa eneo hili aliteuliwa na aliye juu yake: chifu na mwami, yaani mfalme, na juu ya wote ofisa wa kikoloni. Kura ya kwanza ilikuja kati ya Juni na Julai 1960, pale Wabelgiji walipozigeuza himaya ndogo za machifu kuwa komini 229, kila moja na burugumestri wake, yaani mkuu wa komini. Haikuwa kura ya wakati wa utulivu. Tangu Novemba 1959 nyumba za Watutsi zilikuwa zinachomwa moto na maelfu walikuwa wamekimbilia nchi jirani, huku chama cha UNAR, kilichotetea ufalme, kikisusia uchaguzi. Parmehutu, chama cha Wahutu, kikazoa komini nyingi.

Viti hivyo vya vijijini vilikuwa na nguvu kuliko vilivyoonekana. Tarehe 28 Januari 1961 maburugumestri na madiwani wao walikusanyika Gitarama, wakautangaza ufalme kuwa umekwisha na Rwanda kuwa jamhuri. Nchi ilibadilishwa na watu ambao miezi sita nyuma walikuwa wameomba kura za komini tu.

Baada ya uhuru Gisenyi ikawa moja ya prefektura kumi, na perefe wake akateuliwa kutoka Kigali. Wananchi waliendelea kumchagua burugumestri mpaka Juvénal Habyarimana, mzaliwa wa Rambura katika prefektura hii hii, alipotwaa madaraka kwa mapinduzi mwaka 1973. Mwaka uliofuata burugumestri naye akawa mteule wa rais. Mfumo huo ulidumu karibu miaka ishirini. Vyama vingi vilipolazimisha mabadiliko, baadhi ya komini zilipewa tena uchaguzi mwaka 1993, lakini si kura ya kila mtu. Waliopiga ni kundi dogo la wajumbe. Jean-Paul Akayesu wa Taba, kule Gitarama, alipata kiti chake kwa njia hiyo Aprili 1993. Mwaka mmoja baadaye mauaji ya kimbari yakapita komini kwa komini, na Septemba 1998 yeye akawa mtu wa kwanza kutiwa hatiani kwa kosa la mauaji ya kimbari na mahakama ya kimataifa. Ninamtaja kwa sababu kuna wanaoamini kwamba sanduku la kura, peke yake, humfanya kiongozi awe mwema.

Gisenyi ilichelewa kupata amani. Mwaka 1997 na 1998 vita vya abacengezi, waasi waliojipenyeza nchini, vilitikisa kaskazini magharibi yote, na huko Mudende wakimbizi wa Kikongomani walishambuliwa kambini na kuuawa. Kwa hiyo Machi 1999, serikali ilipoitisha uchaguzi wa ngazi za chini, watu wa huku walikuwa ndiyo kwanza wanarudi mashambani. Hakukuwa na karatasi. Mgombea alisimama uwanjani, wanaomtaka wakapanga mstari nyuma yake, mstari mrefu ukashinda. Utaratibu huo bado upo kwenye midugudu, yaani vijiji. Oktoba 2021 ulitumika tena, na mtu yeyote aliyepita njiani aliona jirani amesimama nyuma ya nani. Una faida yake, kwa maana hakuna wa kuiba kura iliyosimama kwa miguu yake. Hasara yake haihitaji maelezo kwa anayeishi nyumba ya tatu kutoka kwa mgombea aliyeshindwa.

Machi 2001 wilaya zilipata mameya wao kwa mara ya kwanza baada ya vita. Tarehe 1 Januari 2006 ramani ikachorwa upya: mikoa 12 ikawa minne pamoja na Jiji la Kigali, wilaya 106 zikawa 30. Mkoa wa Gisenyi, iliyokuwa prefektura, ukafutika, ukamezwa na Mkoa wa Magharibi, na mji ukabaki makao ya wilaya mpya ya Rubavu yenye tarafa 12, kuanzia ufukwe wa Nyamyumba hadi Bugeshi chini ya volkano.

Chini ya mfumo huo mwananchi wa kawaida hampigii meya kura moja kwa moja. Huchagua mwakilishi, naye mwakilishi huchagua. Anayetaka umeya lazima kwanza aingie kwenye baraza la wilaya, kisha madiwani wa tarafa na wa wilaya wakutane kumpigia kura ya siri. Wagombea husimama kama watu binafsi, bila bendera ya chama. Na baraza linaloketi wilayani ndilo lenye mamlaka ya kumwondoa. Mlango wa kuingilia ni mwembamba, wa kutokea ni mpana, na yote miwili iko mbali na anayelipa ushuru wa soko.

Gavana yeye hapigiwi kura kabisa. Huteuliwa na rais, na Seneti huidhinisha. Mwaka 2023 ulionyesha tofauti hiyo waziwazi. Tarehe 28 Agosti Gavana wa Magharibi, Habitegeko François, aliondolewa. Wiki moja hivi baadaye Dushimimana Lambert, aliyekuwa seneta, alikuwa ameshateuliwa. Kiti cha meya wa Rubavu, kwa upande wake, kilikaimiwa kuanzia Mei hadi tarehe 7 Desemba, kwa muda wa miezi saba, na ilikuwa miezi ya kujenga upya nyumba, barabara na kingo za mto. Rubavu haikuwa peke yake. Mameya wa Musanze, Burera na Gakenke waliondolewa siku moja mwezi Agosti baada ya sherehe ya ukoo wa Abakono kule Kinigi, iliyoonekana kuvunja misingi ya umoja wa Wanyarwanda. Huko Rutsiro baraza zima la wilaya lilivunjwa. Desemba 7 ikawa siku ya kujaza mapengo katika wilaya kadhaa kwa mpigo, na Rubavu ikampata Mulindwa, aliyewahi kuwa naibu meya huko Rulindo.

Wapo wanaosema huu ndio uwajibikaji: kiongozi akishindwa, anatoka, hangoji miaka mitano. Hoja hiyo ina uzito, na majirani wengi wanaitamani. Ila wilaya ya watu zaidi ya nusu milioni, yenye mpaka unaovukwa na makumi ya maelfu kwa siku, haiwezi kupanga mambo ya muda mrefu ikiwa kila baada ya miaka miwili au mitatu mpango unasomwa upya na mtu mpya. Gofu la soko lilikuwa ushahidi uliosimama wima.

Vuka Petite Barrière, kivuko cha mpaka kati ya Gisenyi na Goma, uone ya huko. Katiba ya Kongo inasema gavana huchaguliwa na bunge la mkoa, na ndivyo Julien Paluku alivyoingia madarakani Kivu Kaskazini mwaka 2007. Lakini tangu Mei 2021 mkoa uliwekwa chini ya utawala wa kijeshi, na mikoa mingine ilipochagua magavana mwaka 2024, Goma haikuwamo. Januari 2025 waasi wa M23 wakauteka mji, na mwezi uliofuata wakatangaza gavana wao. Kwa hiyo mama anayebeba nyanya kutoka Rugerero kwenda kuuza Goma hupita kila asubuhi kati ya magavana wawili ambao hakuna aliyewapigia kura.

Mombasa, kule Kenya, ni habari nyingine. Gavana Joho alipomaliza mihula yake miwili mwaka 2022 kiti kilikuwa wazi kweli, kampeni zikarindima, kura ikaahirishwa kutoka tarehe 9 hadi 29 Agosti kwa sababu ya mkanganyiko wa karatasi za kura, na Abdulswamad Nassir akamshinda Hassan Omar. Fedha nyingi, kelele nyingi, matusi pia hayakukosekana. Hata hivyo kila mpiga kura alijua kiti kitafunguka lini, na alijua kwa nini.

Mabaraza yaliyochaguliwa Rwanda mwaka 2021 yana muhula wa miaka mitano, unaofika ukingoni Novemba 2026. Msomaji uliye Rubavu, watakapokuja madiwani kuomba kura mtaani kwako, uwe Majengo, Mbugangari au Nyundo, usiwaulize tu watamchagua nani. Waulize hivi: mkimwondoa meya katikati ya muhula, nani atarudi hapa kutueleza sababu?