Mwanamke wa Njia ya Chuma

Mwaka juzi tulimzika shangazi yangu Tabora. Kabla ya kwenda makaburini, kijana mmoja wa ukoo alisimama na karatasi mbili akasoma wasifu wa marehemu: alizaliwa wapi, alisoma hadi darasa la ngapi, aliolewa lini, ameacha watoto wanne na wajukuu tisa. Kuhusu kazi, karatasi ilisema kwamba alikuwa mke wa marehemu fundi wa reli. Basi. Ikaendelea na habari za ugonjwa.

Sasa, shangazi alikaa kwenye dirisha la tiketi zaidi ya miaka ishirini. Mji ulimwita Mama Tiketi. Alijua nani anasafiri kwenda Kigoma kwa biashara na nani anamkimbia mkopeshaji. Jioni ile nilimvuta pembeni binamu aliyeandika wasifu, nikamuuliza mbona hakuitaja kazi ya mama yake. Alikuwa amechoka, macho mekundu. "Kaka, hatukuficha kitu," akasema. "Tuliandika tulivyozoea kusema."

Jibu hilo nilirudi nalo nyumbani. Mezani nilikuta kazi niliyokuwa nimeiacha: kurasa chache za Kifaransa nilizokuwa nawatafsiria wenzangu wa kikundi cha usomaji. Katika ukurasa wa pili lilikuwapo neno nililolizungushia kalamu kabla ya msiba, kwa sababu sikujua nilipeleke vipi kwenye Kiswahili. Neno lenyewe ni cheminote.

Tuanze na mzizi. Kwa Kifaransa chemin ni njia, na chemin de fer, njia ya chuma, ndiyo reli. Mwishoni mwa karne ya 19 watu wa reli wakaanza kuitwa cheminot, yaani mtu wa njia. Neno hili lina pacha mwenye sauti ileile na tahajia tofauti, chemineau, lenye maana ya mzururaji: mtu asiye na kwao, anayekwenda kijiji hadi kijiji akitafuta kibarua. Mwaka 1897 Jean Richepin aliandika tamthilia nzima kumhusu mtu wa namna hiyo, akaiita kwa neno hilohilo. Ukiyasikia maneno haya kwa masikio tu, huwezi kujua kama anayetajwa ana sare na mshahara au ana fimbo na kifurushi begani.

Watu wa reli walilitwaa neno wakalipa heshima. Cheminot akawa mtu wa chama cha wafanyakazi, wa migomo, wa mshikamano. Baada ya Vita vya Pili vya Dunia, filamu ya René Clément, La Bataille du rail ya mwaka 1946, ikamfanya shujaa aliyepambana na Wajerumani akiwa karakana na vituoni. Kivuli cha mzururaji kikasahaulika.

Cheminote ni neno hilohilo kwa mwanamke. Unaongeza e moja tu mwishoni, lakini hiyo e hubadilisha matamshi. Katika cheminot herufi t imeandikwa, haitamkwi. Katika cheminote, t inasikika. Mwanamke anapoingia ndani ya neno, konsonanti iliyokuwa kimya inapata sauti. Nilipoliona hilo nilitabasamu, maana historia yenyewe ilikwenda kinyume: wanawake walikuwapo relini muda wote, na hao ndio hawakusikika.

Walikuwapo wapi? Popote njia ya reli ilipokatana na barabara. Karne ya 19 kampuni za reli za Ufaransa zilijenga vijumba pembeni mwa njia, na ndani yake zikaweka familia. Mara nyingi mume alikuwa kwenye genge la kukarabati njia, akishindilia kokoto na kubadilisha mataruma, naye mke akawa garde-barrière, mlinda geti. Treni ikikaribia anafunga, ikipita anafungua, mchana na usiku, mvua na theluji, akiwa na mtoto mgongoni au chungu jikoni. Kwa kazi hiyo alilipwa kidogo sana, kwa hoja kwamba nyumba ni ya bure na mume ana mshahara. Kwenye daftari la kampuni kazi yake ilikuwa nyongeza ya ndoa yake.

Kulikuwa na vituo vidogo vilivyoendeshwa na mwanamke mmoja, na kulikuwa na madirisha ya tiketi ambayo kampuni ziliwapa wajane wa wafanyakazi waliofia kazini, badala ya fidia ya maana. Hata vibanda vya vitabu vya Hachette, vilivyoanza kufunguliwa vituoni mwaka 1853, mara nyingi vilishikwa na wanawake wa familia hizo. Wapenzi wa fasihi tukumbuke hili: riwaya nyingi za bei nafuu za karne ile zilipita kwenye mikono yao.

Aliyeliona geti vizuri kuliko wote ni Émile Zola. La Bête humaine, riwaya yake ya mwaka 1890, inapita kwenye njia ya Paris hadi Le Havre, na katikati kuna kijumba cha mlinda geti kwenye sehemu ya upweke. Humo anaishi Phasie, mwanamke aliyekuwa mlinda geti hadi ugonjwa ulipomlaza, na shujaa wa kitabu, dereva Jacques Lantier, anamwita shangazi. Mume wake anamtilia sumu kidogokidogo ili apate akiba aliyoificha. Phasie anakaa dirishani akitazama treni zinavyopita zimejaa dunia nzima, huku hakuna abiria hata mmoja anayejua kwamba pale kuna mtu anayekufa.

Binti yake, Flore, ndiye aliyerithi geti. Ana nguvu za ajabu na anampenda Jacques, ambaye moyo wake uko kwa mwanamke mwingine. Siku moja Flore analishika gari la farasi lililobeba mawe makubwa, analizuia katikati ya njia, na treni inakuja. Wanakufa watu wengi, ila wale wawili aliowakusudia wanapona. Baadaye anaingia kwenye handaki kwa miguu, anatembea gizani kuelekea treni nyingine. Mara nyingi ukurasa huo husomwa kama habari ya wivu. Mimi naona na jambo jingine humo. Usalama wa njia nzima ulikuwa mikononi mwa msichana ambaye kampuni ilimhesabu kama msaidizi wa nyumbani, na siku alipoacha kulinda ndipo ikaonekana kwamba alikuwa akilinda.

Wakati huohuo kichwa cha treni cha Jacques kina jina la kike. Kinaitwa La Lison. Jacques anakipenda kama mke, anakisafisha, anajua tabia zake, na kinapoharibika kinakufa kama kiumbe. Chuma kilipewa jina la mwanamke na mapenzi ya mwanamke. Mwanamke wa geti hakuitwa hata cheminote.

Neno lilikuja taratibu. Vita vya 1914 hadi 1918 viliwapeleka wanaume mstari wa mbele, na kampuni zikaajiri wanawake kuuza tiketi, kusafisha mabehewa na kushika kalamu ofisini. Vita vilipokwisha wengi walirudishwa nyumbani. SNCF, shirika la taifa la reli, lilianza kazi mwaka 1938, na kwa miongo mingi picha ya mtu wa reli ilibaki ya mwanamume. Lugha ya serikali nayo ilijivuta. Mwaka 1986 waziri mkuu Laurent Fabius alitoa waraka wa kutaka majina ya kazi yawe na umbo la kike. Akademia ya Ufaransa ilipinga kwa muda mrefu, ikakubali Februari 2019 tu. Siku hizi vyama vya wafanyakazi vikiandika vipeperushi huanza na cheminotes kisha cheminots, wanawake kwanza.

Ubishi wenyewe usidhaniwe kuwa wa sarufi pekee. Kwa desturi ya zamani ya Kifaransa, umbo la kike la cheo lilimaanisha mke wa mwenye cheo: la générale alikuwa mke wa jenerali, la préfète mke wa mkuu wa mkoa. Mwanamke angeweza kupata jina la kazi kwa kuolewa nalo tu. Hapo nilisimama nikakumbuka karatasi ya Tabora. Mke wa marehemu fundi wa reli.

Kifaransa kilisafiri na reli hadi Afrika, na neno nalo likasafiri. Tarehe 10 Oktoba 1947 wafanyakazi Waafrika wa reli ya Dakar hadi Niger waligoma, wakitaka haki sawa na wenzao Wazungu. Mgomo ulidumu hadi Machi 1948. Ousmane Sembène aliutungia riwaya, Les bouts de bois de Dieu, iliyotoka mwaka 1960. Wagomaji humo ni cheminots, wanaume. Lakini ukisoma kwa makini utaona kwamba wanaobeba mgomo ni wanawake: maji yanakatwa, maduka yanakataa kukopesha, na wao ndio wanaotafuta cha kutia chunguni.

Moja ya madai ni posho ya familia, kama wanayopata Wazungu. Menejimenti inakataa kwa hoja kwamba Waafrika wana wake wengi, na hao wengine si wake, ni mahawara. Tazama neno moja linavyoweza kufanya kazi. Hawara hana posho, na mtoto wake hahesabiwi. Ukimwita mke hawara, umeokoa fedha za shirika bila kugusa daftari la mahesabu.

Wanawake wa Thiès wanajibu kwa miguu. Wanatembea kutoka Thiès hadi Dakar, umbali wa kilomita 70 hivi, na anayewaongoza ni Penda, mwanamke ambaye wake wa ndoa walikuwa wakimnyooshea kidole kwa sababu ya mwenendo wake na wanaume. Wakifika langoni mwa Dakar askari wanafyatua risasi, na Penda anauawa.

Hapa Kiswahili kilinisaidia kusoma. Kwetu mwanamume akitembea, ametembea. Mwanamke akisemwa "anatembea", wasikilizaji wanauliza anatembea na nani. Mtembezi wa kiume ni mtu wa matembezi, na wa kike ameshapata sifa mtaani. Penda ni mtembezi kwa maana zote mbili, na Sembène anaichukua miguu ileile iliyomletea fedheha anaifanya iongoze msafara. Kile kivuli cha mzururaji, kilichofutika kwa cheminot wa kiume, kwa mwanamke hakijawahi kufutika kabisa. Mwanamke wa njia ya chuma bado ni mwanamke wa njiani.

Labda utasema: sisi tumesalimika, Kiswahili hakina jinsi ya kike na ya kiume. Karani ni karani, dereva ni dereva. Hata mimi nilijivunia hilo zamani. Lakini reli ya Mombasa hadi Nairobi ilipofunguliwa mwaka 2017 na wanawake wakawa miongoni mwa madereva, tulisikia "dereva mwanamke" na "mwanadada dereva". Maana yake dereva mtupu, kichwani mwetu, ana ndevu. Sarufi yetu haikumbagua shangazi yangu. Ilimwachia tu mlango wazi, na mazoea yakaufunga.

Tena mtaa wetu una kawaida ya kumpa mwanamke jina la kazi kwa kumwita mama: mama lishe, mama ntilie, Mama Tiketi. Ni jina la upendo, silidharau. Ila ni jina la mdomoni. Halifiki kwenye fomu ya mafao wala kwenye wasifu wa marehemu. Likifika kwenye karatasi linageuka kuwa "mke wa".

Basi cheminote nililitafsiri vipi? Nilijaribu "mfanyakazi wa kike wa reli", nikakuta limekuwa refu kama treni ya mizigo, na kike chenyewe kimekaa kama kasoro. Nikajaribu "mwanareli", likawa zuri, lakini msomaji angemwona mwanamume. Mwishowe niliandika mwanareli, na katika sentensi iliyofuata nikaacha kazi yake ionekane: anafunga geti huku amebeba mtoto. Sikupata neno moja la kubeba yote hayo.

Miezi michache baadaye tulikutana tena kwa ajili ya kujengea kaburi. Fundi aliuliza kiandikwe nini chini ya jina na tarehe. Watu wakanyamaza kidogo, kila mtu anamtazama mwenzake. Binamu yangu ndiye aliyesema, bila kunitazama: "Andika karani wa tiketi, Reli." Fundi akauliza kama aongeze mke wa fulani. Binamu akamwambia nafasi ikibaki.

Nafasi ilibaki, na yote mawili yapo pale. Kazi imetangulia.