Marehemu Kifuani: Safari ya Fulana ya Msiba Nyanda za Juu Kusini

Ukisimama Makambako mwishoni mwa juma, pale barabara ya Njombe na Songea inapochepuka kutoka barabara kuu ya Dar es Salaam kwenda Tunduma, haitapita muda mrefu kabla hujaliona gari la msiba. Nyuma yake huwa kuna Coaster moja au mbili, na waliomo ndani wamevaa fulana za namna moja. Kifuani pana picha ya mtu aliyelala kwenye jeneza lililotangulia mbele. Picha yenyewe aghlabu imetolewa kwenye picha ya harusi au ya kitambulisho: fundi amemkata marehemu, akamwondolea watu waliosimama naye, kisha akamwekea mawingu nyuma na msalaba pembeni. Chini zimeandikwa tarehe mbili, ya kuzaliwa na ya kufariki. Mgongoni pana neno la kuaga, na mara nyingine jina alilozoea kuitwa mtaani.

Miaka sitini iliyopita, fulana ya namna hiyo isingewezekana kwa dereva wa lori wa Mafinga wala kwa mwalimu wa Tukuyu. Ukiifuatilia ilikotoka, utakuta kwamba swali la nani anastahili kuvaliwa na wenzake limekuwa likijibiwa zaidi na mashine, na bei ya mashine hiyo, kuliko lilivyojibiwa na mapenzi ya wafiwa.

Nguo na msiba vimeandamana tangu zamani katika nyanda hizi. Godfrey Wilson na mkewe Monica, watafiti wa mila waliokaa Unyakyusa miaka ya 1930, waliandika kwa kirefu habari za maziko ya huko. Makala ya Godfrey kuhusu taratibu za mazishi ya Wanyakyusa ilichapishwa mwaka 1939. Inawaonyesha wanaume wakicheza na mikuki uwanjani, wanawake wakiomboleza, na ng'ombe wakichinjwa kwa kadiri ya uwezo wa wenye msiba. Ndugu walileta nguo za kumzikia marehemu. Nguo nzuri, basi, ilikuwa inaingia kaburini pamoja na aliyekufa. Waliobaki hawakuwa na sura yake ya kuvaa. Walikuwa na ngoma, nyama na majina ya kurithishana.

Kwa Wahehe, kumbukumbu kubwa kuliko zote haikukaa kwenye nguo hata kidogo. Mtwa Mkwawa, mtawala wao, ambaye jeshi lake liliwaangamiza askari wa kamanda Mjerumani Emil von Zelewski pale Lugalo tarehe 17 Agosti 1891, alijipiga risasi Mlambalasi tarehe 19 Julai 1898 baada ya kuwindwa na Wajerumani kwa miaka minne tangu ngome yake ya Kalenga ilipoanguka. Kichwa chake kilikatwa. Mkataba wa Versailles wa mwaka 1919 uliidai Ujerumani fuvu hilo katika kifungu cha 246, lakini lilikaa mikononi mwa wageni hadi Gavana Edward Twining alipolitafuta katika jumba la makumbusho la Bremen na kulikabidhi Kalenga mwezi Juni 1954. Mpaka leo anayetaka kumkumbuka Mkwawa husafiri hadi Kalenga, kilomita chache nje ya Iringa mjini, akalione fuvu na silaha za zama zake. Ilibidi gavana na serikali mbili za Ulaya zihusike ili mtu mmoja arudishiwe heshima yake.

Zama hizohizo za Mkwawa pwani ilikuwa imeshaanza kuichezea nguo ya chapa. Kanga ilizaliwa katika nusu ya pili ya karne ya 19, wanawake waliponunua leso za kuagizwa zikiwa jora zima na kuziunganisha ziwe nguo moja pana. Mwaka 1887 Kaderdina Hajee Essak alifungua duka lake Mombasa, lile ambalo kanga zake zinajulikana hadi leo kwa alama ya Mali ya Abdulla. Maneno yakaingia chini ya mji wa kanga, kwanza kwa herufi za Kiarabu na baadaye kwa za Kilatini. Kwa miaka mingi chapa yenyewe ilifanyika India, Ulaya na Japani. Baada ya uhuru ndipo Tanganyika, kisha Tanzania, ilipojenga viwanda vyake. Kiwanda cha Urafiki pale Ubungo, kilichojengwa kwa msaada wa China, kilifunguliwa mwaka 1968.

Mashine ya kiwandani haichapi kanga kumi. Kila rangi ina roli yake au skrini yake, na gharama ya kuandaa mchoro mmoja hailipi mpaka ziwe zimetoka doti maelfu. Ndiyo maana sura za watu zilizoingia kwenye kanga zilikuwa za watu wa taifa: viongozi wa chama, marais, wageni wakubwa wa serikali. Julius Nyerere alipofariki London tarehe 14 Oktoba 1999, kanga zenye sura yake zilivaliwa nchi nzima. Mama wa Kyela aliyempoteza mumewe wiki hiyohiyo alijifunga kanga ya Baba wa Taifa, kwa sababu ya mume wake mwenyewe haikuwepo wala isingeweza kuwepo.

Na wale ambao maisha yao yalikuwa porini, wenye majina makubwa vijijini lakini wasio na chama wala kiti cha enzi? Mfano mzuri hapa ni wa mzungu mmoja wa Mbeya, George Rushby. Alizaliwa Uingereza mwaka 1900, akaja Afrika akiwa kijana, akawinda tembo kwa leseni na bila leseni, akachimba dhahabu Lupa, akalima kahawa karibu na Mbeya, na mwishowe akaajiriwa na Idara ya Wanyamapori ya Tanganyika, ile ambayo watu wa aina yake walikuwa wakiikimbia.

Kazi iliyomfanya ajulikane ilikuwa Njombe. Kuanzia miaka ya 1930 simba wa eneo hilo waliwala watu kwa namna isiyokuwa na mfano. Makadirio yaliyoandikwa yanafika watu 1,500 katika muda wa miaka kama kumi na tano. Maelezo ya Rushby mwenyewe ni kwamba serikali ilikuwa imewaua wanyama wa porini kwa wingi ili kuzuia sotoka, ugonjwa wa ng'ombe, isivuke kwenda kusini; simba wakakosa windo, wakawageukia binadamu, na watoto wao wakakua wakijua nyama hiyo. Wanavijiji wengi walikuwa na maelezo mengine. Walimtaja Matamula Mangera, mganga aliyevuliwa cheo chake, na kusema simba walikuwa wake na kwamba wasingeacha mpaka arudishiwe nafasi. Mwaka 1947 Rushby na askari wake wa wanyamapori walikuwa wameshawaua simba kumi na watano, na vifo vikakoma. Lakini Matamula naye alikuwa amerudishiwa cheo, na Njombe wako waliojua ni lipi kati ya hayo mawili lililowaondoa simba.

Rushby ndiye pia aliyependekeza, mwaka 1949, kwamba sehemu ya kusini ya Pori la Akiba la Rungwa iwe hifadhi ya taifa. Hifadhi ya Ruaha ilitangazwa mwaka 1964. Yeye alifariki mwaka 1968, akiwa ameacha kitabu chake mwenyewe, No More the Tuskers cha mwaka 1965, na kingine kilichoandikwa juu yake na T. V. Bulpin mwaka 1962. Kwa hiyo mwindaji mwenye wachapishaji alipata vitabu viwili vya Kiingereza. Askari Waafrika waliofuatana naye kwenye nyasi za Njombe, waliokesha juu ya miti na kufuata damu asubuhi, hawakupata kitabu, na hakuna kiwanda ambacho kingewasha mashine kwa ajili yao.

Mlango wa sura ya mtu wa kawaida ulifunguliwa na siasa. Sheria ya mwaka 1992 iliruhusu vyama vingi, na uchaguzi mkuu wa kwanza wa mfumo huo ukafanyika mwaka 1995. Wagombea walihitaji sura zao zionekane haraka na kwa bei nafuu, na kanga haikutosha. Fulana na kofia zikamwagika. Mwaka 2000 sheria ikakubali wagombea kuwakirimu wapiga kura kwa jina la takrima, na mambo yakanoga mpaka Mahakama Kuu ilipoifuta takrima mwaka 2006. Uchaguzi huja kila baada ya miaka mitano. Fundi mwenye fremu na rangi anakula kila siku. Kati ya uchaguzi na uchaguzi ilibidi atafute kazi nyingine, nazo zikawa jezi za ligi za mitaa, mahafali ya shule, kwaya, vikoba, na misiba.

Fundi wa awali alitumia skrini: fremu ya mbao iliyovutwa kitambaa chembamba, ikapakwa dawa inayokauka kwa mwanga. Mchoro ulizuia mwanga, sehemu iliyofunikwa ikaoshwa kwa maji, na rangi ikapita hapo ikisukumwa kwa raba. Rangi moja, fremu moja. Sura ya mtu ikatoka nyeusi juu ya nyeupe, yenye vivuli vikali, na ili gharama irudi ilibidi zichapwe fulana angalau dazeni kadhaa. Hapo aliyefikiwa ni marehemu mwenye ukoo mkubwa, au kampuni, au shule ya kumlipia.

Kisha zikaja printa ya kompyuta na pasi ya kubana. Picha inachapwa kwenye karatasi maalumu, inalazwa juu ya fulana, inabanwa kwa joto la nyuzi kati ya 180 na 200 kwa chini ya dakika moja, na wino unageuka mvuke na kuingia ndani ya uzi. Sasa fulana moja inawezekana. Ila wino huo unashika kwenye poliesta tu, na hauonekani juu ya kitambaa cha rangi nzito. Hiyo ndiyo sababu fulana nyingi za msiba kati ya Iringa na Mbeya ni nyeupe na zina utelezi. Watu huudhani weupe huo ni alama ya maombolezo, kumbe umetokana na wino. Mtu akifariki Jumatano na kuzikwa Jumamosi, kamati ya msiba inatuma picha kwa simu Alhamisi, na Ijumaa jioni mzigo uko tayari.

Kumkumbuka marehemu kwa vazi si jambo la Tanzania peke yake. Huko Marekani wawindaji wa bata mzinga mwitu wana vazi lao, kizibao chenye mifuko mingi ya kubebea vifaa vya kuigizia sauti ya jike, mto mdogo wa kukalia chini ya mti, na mfuko mpana mgongoni wa kutilia ndege aliyepigwa. Kimejaa madoa ya rangi za majani, kwa sababu bata mzinga anaona rangi vizuri sana. Ndege huyo alikuwa amekaribia kumalizika mwanzoni mwa karne ya 20. Leo anawindwa katika majimbo yote isipokuwa Alaska, na shirika la taifa la kumhifadhi lilianzishwa mwaka 1973. Mwindaji anayeheshimika akifariki, wenzake wanaweza kushonewa kizibao cha kumbukumbu chenye jina lake. Tofauti na fulana ya Makambako ni kwamba kizibao hicho hakikukusudiwa kwa ajili ya kaburi. Kimekusudiwa kwenda porini msimu unaofuata, kwenye matope na damu ya ndege, kufanya kazi ileile aliyoipenda marehemu.

Nyanda za Juu wapo watu ambao kizibao cha namna hiyo kingewafaa. Katika vijiji vya Idodi na Pawaga, vinavyopakana na Ruaha, jumuiya ya uhifadhi ya MBOMIPA imekuwa na askari wanyamapori wa vijiji wanaozunguka kwa miguu kuzuia ujangili. Vijana wa Rungwe na vijiji vya kando ya Kitulo wanaijua misitu kwa majina ya mito na miti. Kipunji, tumbili aliyetangazwa na wanasayansi mwaka 2005 kuwa ni aina mpya, alikuwa anajulikana na wawindaji wa Mlima Rungwe kabla ya mtafiti yeyote kumwona. Mtu wa kazi hizo akifariki leo, sura yake inaweza kuvaliwa na wenzake siku ya tatu. Wakati wa Rushby hilo lisingewezekana kwa askari, na kwa miaka mingi baadaye lisingewezekana pia.

Wako wanaolalamika. Wazee huuliza kwa nini fedha za rambirambi ziende kwa mchapaji wakati watoto wa marehemu wanadaiwa ada. Kwenye vikao vya msiba fulana hugeuka kuwa mchango wa lazima: asiyelipa havai, na asiyevaa anaonekana kwenye picha. Familia nyingine hurudi kwenye kitenge cha sare kisicho na sura ya mtu, kinachoshonwa na kuvaliwa tena kanisani na harusini.

Baada ya maziko fulana huenda shambani. Utaiona Uyole kwenye viazi, Mufindi kwenye chai na Igurusi kwenye mpunga, tarehe zikiwa bado zinasomeka. Ile ya skrini, kwa kuwa ni ya pamba, hupendwa kwenye jua kwani inanyonya jasho, ila picha hupasuka baada ya kufuliwa mara nyingi. Ya poliesta inaunguza mgongo ifikapo saa sita mchana, lakini sura haitoki mpaka kitambaa kichanike. Kwa hiyo mwenye msiba akifika dukani hukuta maswali mawili ya haraka yanamngoja: fulana ngapi, na ni za kuvaliwa siku moja au za kulimia.